Sinema za Wahindi katika Mtaa wa Grey

Tangu merikebu Truro ilipotia nanga Durban, katika Natal ya Afrika Kusini, mwezi wa Novemba 1860, ikiwaleta kutoka Madras wafanyakazi wa mikataba wa mashamba ya miwa, lugha za Kitamil na Kitelugu, pamoja na Kihindi kilichofuata kwa merikebu za Calcutta, zilihifadhiwa mahekaluni na arusini; lakini kwa vizazi vilivyozaliwa Natal, visivyopata kuiona Bara Hindi, hapana kilichozihuisha kama sinema. Kampuni ya sinema ya Avalon ilianzishwa mwaka 1939, na baadaye katika Mtaa wa Grey, mjini Durban, likasimama jumba adhimu la sinema la Shah Jehan, ambamo akina mama, wamevaa sari zao za heshima, walisikiliza nyimbo ambazo bendi za mji zilizipiga tena arusini. Naona, hata hivyo, kwamba fahari hiyo ilizaliwa pia na dhuluma, kwa kuwa Wahindi walifungiwa milango ya sinema za Wazungu. Sheria ya Maeneo ya Makundi ya mwaka 1950, iliyotenga makazi kwa rangi, ikawahamishia maelfu yao Chatsworth, mbali na mji; na televisheni ilipoanza mwaka 1976, kisha kanda za video zikaenea majumbani, watazamaji wa Mtaa wa Grey wakapungua.