Gemu inaganda kwenye kompyuta? Kagua haya kabla ya kupanda basi kwenda Tabora

Ipole ni kata ya Wilaya ya Sikonge, mkoani Tabora, penye njia panda: barabara moja inakwenda Mpanda kupitia Koga, nyingine inashuka Rungwa. Sehemu kama hii, kompyuta moja ya mtumba huwa na kazi mbili. Mchana inachapa barua, inatoa picha za pasipoti na kujaza fomu za mkopo wa HESLB. Jioni vijana wanaweka PES 2013 au GTA San Andreas.

Gemu ikiganda katikati ya mechi, anayelalamika ni mchezaji, lakini anayetakiwa kushtuka ni mwenye mashine. Gemu ndiyo programu inayoikamua kompyuta kuliko zote, kwa hiyo ugonjwa wa diski, RAM au umeme mara nyingi huonekana kwenye gemu wiki kadhaa kabla haujafika kwenye barua za wateja. Na kwa mtu wa Ipole, kwenda kwa fundi Tabora mjini ni kama kilomita 100 za barabara, nauli ya kwenda na kurudi, na siku nzima bila kazi. Mengi yanaweza kukaguliwa hapohapo mezani.

Imeganda gemu, au mashine nzima?

Hili ndilo swali la kwanza, na jibu lake linapatikana kwa sekunde mbili. Bonyeza Caps Lock kwenye kibodi uangalie kataa kake. Kakiwaka na kuzima, Windows bado iko hai na iliyokwama ni gemu peke yake. Kasipobadilika kabisa, na spika zinarudia sauti ileile "trrrrr" bila kukoma, mashine nzima imesimama.

Kama ni gemu tu, usikimbilie kuzima. Windows huiandikia programu "Not Responding" ikikaa sekunde 5 tu bila kuitika, na kwa kompyuta yenye hadi diski ya zamani sekunde 5 si kitu. Angalia taa ya diski. Ikiwa inapepesa, mashine inasoma faili, ipe dakika mbili. Ikishindikana, bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja ili Task Manager ifunguke, chagua gemu kwa vishale, kisha bonyeza Delete. Kama Task Manager imejificha nyuma ya gemu, jaribu Alt na Tab, au Ctrl, Alt na Delete.

Kuna njia nyingine ambayo watu wengi hawaijui. Kwenye Windows 10 na 11, kitufe cha Windows pamoja na Ctrl, Shift na B huiwasha upya draiva ya grafiki bila kuzima kompyuta. Skrini inapepesa mara moja, na kama shida ilikuwa kwenye picha tu, gemu inaweza kuendelea.

Kushikilia kitufe cha kuwashia mpaka mashine izime ni hatua ya mwisho. Diski ikikatishwa wakati inaandika, faili linaweza kuharibika, na si lazima liwe faili la gemu.

Angalia inaganda lini

Mafundi wazuri huuliza "inaganda saa ngapi?" kabla hawajashika bisibisi, na wana sababu.

Ikiganda kila baada ya dakika 15 au 20 za kucheza, halafu ikipumzishwa inarudi sawa, mshukiwa wa kwanza ni joto. Ikiganda palepale kila siku, mlango uleule au uwanja uleule, kuna faili bovu. Ikiganda muda wowote, hata kwenye Word, hapo ni RAM, diski au umeme. Na ikizima kabisa picha zinapokuwa nzito, angalia pawa saplai.

Joto na vumbi

Septemba na Oktoba, kabla mvua hazijaanza, joto la mchana Tabora hupita nyuzi 30, na vumbi la kiangazi linaingia kila mahali. Kompyuta ya ofisini iliyonunuliwa mtumba inafika ikiwa na miaka kumi, tena mara nyingi na ile dawa ya joto ya kiwandani, inayokaa kati ya prosesa na bamba la kupoozea, ikiwa imeshakauka kama udongo.

Prosesa nyingi hujipunguzia mwendo zenyewe zikikaribia nyuzi 100. Mchezaji anaona gemu inaenda kwa kurukaruka, kisha inasimama. Programu ya bure kama HWMonitor inaonyesha nyuzi hizo. Ukicheza, nyuzi 70 hadi 85 ni kawaida. Zikikaa juu ya 95, kuna kazi ya kufanya.

Kazi yenyewe si kubwa. Zima, chomoa waya ukutani, fungua ubavu wa boksi, toa vumbi kwa brashi laini au blowa. Feni ishikiliwe kwa kidole isizungushwe na upepo, la sivyo inaweza kuharibika. Kupuliza kwa mdomo kunarusha mate kwenye bodi, kwa hiyo hapana. Dawa ya joto inauzwa kwenye vijibomba vidogo madukani kwa mafundi, na tone moja la ukubwa wa punje ya mbaazi linatosha. Dawa ya meno si mbadala, hata kama kuna video inayosema hivyo.

Laptopu ina shida yake: inavuta hewa kwa chini. Ikiwekwa kwenye godoro imezibwa pua.

Umeme, na ile chaja ya bei rahisi

Umeme wa Tanzania ni volti 230 kwa maandishi. Jioni, mashine za kusaga na za kuchomelea zikiwa bado zinafanya kazi, mtu aliye mwisho wa laini anaweza kupata pungufu ya hapo. Taa inafifia kidogo tu, lakini kompyuta iliyo katikati ya gemu nzito inaganda au inajiwasha upya. Stabilaiza inasaidia kwa volti kupungua. Umeme ukikatika ni UPS tu inayookoa.

Windows yenyewe inaweka kumbukumbu. Andika "perfmon /rel" kwenye sehemu ya kutafuta, na kalenda itafunguka yenye alama nyekundu kwa kila siku yenye tatizo. Ndani ya Event Viewer, rekodi ya Kernel-Power namba 41 maana yake mashine ilizima bila kufungwa vizuri. Zikiwa nyingi na zote ni za jioni, usilaumu gemu.

Kwa kompyuta ndogo za ofisini kama Dell OptiPlex za boksi jembamba, pawa saplai huwa ya wati 240 au 255 hivi. Ukichomeka kadi ya grafiki, chagua isiyotaka waya wa ziada wa umeme. GTX 750 Ti, kwa mfano, inakula wati 60, na tundu la kwenye bodi linaweza kutoa hadi 75. Kadi kubwa za wati 150 kwenda juu si za boksi hilo.

Upande wa laptopu kuna jambo linalowapotezea watu hela nyingi. Laptopu za Dell huiuliza chaja utambulisho wake. Chaja feki isiyoweza kujibu, au ya orijino ambayo pini yake ya katikati imevunjika, inafanya mashine ishushe mwendo wa prosesa na kugoma kuchaji betri. Mtu anafomati Windows mara tatu, anaongeza RAM, gemu bado inakwama. Jaribio lake ni rahisi: chomoa chaja, cheza kwa betri. Ikiwa gemu inaenda vizuri zaidi bila chaja, umempata mwizi, maana kawaida inapaswa kuwa kinyume chake.

Diski: hapa usicheze

Gemu inayoganda sekunde kadhaa, inaendelea, inaganda tena, huku taa ya diski imewaka moja kwa moja, ni dalili ya hadi diski kuchoka. Ikiambatana na mlio wa "tk, tk, tk", acha gemu sasa hivi.

CrystalDiskInfo ni ya bure na inaonyesha afya ya diski kwa neno moja. Good ni sawa. Caution au Bad maana yake nakili kazi za wateja kwenye diski nyingine leo, si wikiendi. Usianze na chkdsk kwenye diski inayogonga, kwa sababu inailazimisha kusoma kila kona na inaweza kuimaliza kabla hujaokoa kitu. Kwanza nakili, ndipo utengeneze.

Kama kuna hela ya kununua kitu kimoja tu, inunue SSD. Hadi diski ya kawaida inasoma MB 100 hadi 150 kwa sekunde, SSD ya SATA inafika kama 500. Haiongezi uzuri wa picha, ila kule kuganda kwa kusubiri faili kunapungua sana, na hata Word inafunguka haraka.

RAM na kadi ya grafiki

GTA V ilipotoka kwa kompyuta mwaka 2015 ilitaka angalau RAM ya GB 4 na kadi ya grafiki yenye GB 1 yake yenyewe. Mashine nyingi za mtumba hazina kadi, zinatumia Intel HD inayokopa kwenye RAM hiyohiyo. Kwa hiyo GB 4 zilizoandikwa kwenye boksi si GB 4 za gemu. Chrome ikiwa wazi nyuma, kinachobaki hakitoshi.

Kwa mashine za Intel HD, vijiti viwili vya GB 4 vinafanya kazi vizuri kuliko kimoja cha GB 8, kwa sababu vinasomwa sambamba. Wauzaji wachache watakwambia hilo.

Kujua kama RAM ni mbovu, andika "mdsched" kwenye sehemu ya kutafuta, ruhusu mashine ijiwashe upya na uiache ipime. Ikionyesha kosa, toa vijiti, futa meno yake kwa kifutio cha penseli, rudisha kimoja kimoja. Mara nyingine shida ilikuwa vumbi tu kwenye tundu.

Faili, flashi na bando

Gemu nyingi hufika Ipole kwa flashi. Flashi ya mfumo wa FAT32 haipokei faili moja linalozidi GB 4, kwa hiyo iwekwe exFAT au NTFS kabla ya kunakili. Kuna pia flashi feki: imeandikwa GB 64, ndani ni 8, na kinachozidi kinapotea bila kuambiwa. Programu ya H2testw inaipima na kusema ukweli.

Gemu za kunakiliana zina hatari nyingine. Antivirusi inaweza kufuta faili moja kimyakimya na gemu ikagandia palepale kila siku. Ushauri wa "zima antivirusi" ni rahisi kuutoa, lakini baadhi ya matoleo hayo yanabeba programu za kuchimba sarafu za kidijitali zinazokula prosesa mchana kutwa. Task Manager ikionyesha prosesa asilimia 90 wakati hakuna kilichofunguliwa, huo ndio mgeni. Kompyuta yenye vitambulisho na fomu za wateja haifai kuwa na mgeni wa namna hiyo.

Aliyenunua gemu yake Steam asiipakue upya. Kuna sehemu ya "Verify integrity of game files" inayotafuta faili bovu na kushusha hayo tu. Bando linapona. Steam iliacha kuhudumia Windows 7 na 8 tangu Januari 1, 2024, kwa hiyo mwenye mashine hizo asipoteze muda kutafuta kosa.

Draiva ya grafiki ichukuliwe tovuti ya Intel, NVIDIA au AMD, au ya kampuni iliyotengeneza kompyuta. Inaweza kupakuliwa kwa simu na kuhamishwa kwa waya wa USB. Na unapoiunganisha kompyuta na simu, weka "Metered connection" kwenye mipangilio ya mtandao, vinginevyo Windows inaanza kujisasisha katikati ya mechi na kumaliza bando.

Gemu za mtandaoni zina kuganda kwa aina yake: wachezaji wanasimama, wewe unaendelea kukimbia, halafu wote wanaruka. Huo ni mtandao. Mei 12, 2024, hitilafu kwenye nyaya za baharini za EASSy na Seacom iliyumbisha intaneti Tanzania na nchi jirani, na hakuna kompyuta ambayo ingetengenezwa ili gemu irudi.

Ikibidi kwenda Tabora

Nakili kazi zote kwanza, kwa sababu fundi akisema "tupige Windows mpya" vilivyo kwenye Desktop ndivyo vinavyopotea. Andika kwenye karatasi gemu gani iliganda, baada ya dakika ngapi, nyuzi zilikuwa ngapi na CrystalDiskInfo ilisema nini. Chukua na chaja yako. Na vifaa vikibadilishwa, omba vya zamani urudi navyo.