Sireni: ndege aliyegeuka nguva

Katika Jumba la Makumbusho la Uingereza jijini London kuna mtungi wa udongo, kimo chake karibu sentimita 35, umepakwa weusi na picha zake ni nyekundu. Ulifinyangwa Ugiriki kati ya mwaka 480 na 470 KK, ukaja kufukuliwa Vulci, Italia. Ubavuni mwake kuna chombo kinachopigwa makasia. Tanga limekunjwa na omo imechorwa jicho, kama walivyokuwa wakifanya mafundi wa mitepe pwani ya Lamu. Nahodha amefungwa kamba mlingotini, kichwa amekiinua. Juu ya miamba, upande huu na upande ule, wametua ndege wawili wenye vichwa vya wanawake. Wa tatu anaporomoka kichwa chini kuelekea chomboni, na mchoraji amemfumba jicho. Huyo kazi yake imekwisha: chombo kinapita, na wimbo wake haujamnasa mtu.

Hao ndio Sireni. Aliyekua akisikia hadithi za nguva atauliza mkia wa samaki uko wapi. Haukuwapo. Kwa zaidi ya miaka elfu moja Sireni alikuwa ndege.

Homer mwenyewe, mshairi wa kale wa Ugiriki, katika utenzi wake wa Odyssey, hasemi walikuwa na umbo gani. Anatuambia walikuwa wawili, wamekaa kwenye uwanda wa majani, wamezungukwa na rundo la mifupa ya watu. Mengine yote ni sauti. Odysseus, ndiye yule nahodha wa mtungini, anawaziba mabaharia wake masikio kwa nta, yeye anaamuru afungwe, maana anataka kusikia na pia anataka kufika nyumbani. Na anachokisikia si maneno ya mapenzi. Sireni hawamwiti kitandani. Wanamwambia kwamba wanajua yote yaliyowapata watu vitani Troy, na yote yanayotukia duniani, na kwamba anayewasikiliza huondoka akiwa na maarifa zaidi. Kwa mtu aliyepigana huko miaka kumi bila kuelewa ni kwa nini, mtego gani ungemfaa kuliko huo? Wachoraji wa baadaye walilisahau jambo hili, na nadhani ndiyo sababu mambo yote yaliyofuata yakaenda upande.

Na umbo la ndege? Wamisri walikuwa wakichora roho ya marehemu kama ndege mwenye kichwa cha mtu, na Wagiriki nao waliwaweka Sireni makaburini. Katika makumbusho ya taifa ya Athens yupo mmoja wa marumaru, wa karne ya 4 KK, aliyetoka kwenye makaburi ya Kerameikos. Ana mabawa, ana miguu ya ndege, na ameshika kinubi cha gamba la kobe. Hamwindi mtu yeyote. Anamlilia maiti, kama mama aliyeitwa matangani kwa kuwa anajulikana kwa sauti yake. Ovid, mshairi wa Roma, anasema walikuwa wasichana, wenzi wa mungu wa kike Persephone. Persephone alipotekwa na kupelekwa kuzimu, waliomba mabawa ili wamtafute mpaka baharini. Kwa hiyo hata mabawa yao yalitokana na msiba.

Mji wa Naples una Sireni wake, Parthenope. Inasemekana alijitosa kwa kushindwa kumnasa Odysseus, mawimbi yakamleta ufukweni, wenyeji wakamzika. Mpaka leo wanaoandika juu ya mji huo huuita kwa jina lake. Kuna chemchemi moja pale iitwayo Spinacorona ambako amesimama juu ya mlima Vesuvius, mabawa yamekunjuka, miguu ya kucha, akijikamua matiti ili maji yauzime moto wa volkeno. Ni sanamu ya ajabu kidogo, lakini ni ya watu wanaomwona Sireni kuwa mama yao.

Mkia wa samaki ulikuja kwa mlango wa nyuma. Kitabu cha Kilatini kiitwacho Liber Monstrorum, cha karne ya 7 au ya 8, ndicho kinachotajwa sana kuwa cha kwanza kuwaeleza wazi kama wasichana wenye mikia ya samaki. Baada ya hapo palikuwa na mvurugano wa karne kadhaa. Katika vitabu vya wanyama vya watawa, maandishi husema ndege, na picha iliyo kando yake huonyesha samaki. Philippe de Thaon, aliyeandika kwa Kifaransa karne ya 12, alimaliza ubishi kwa kumpa vyote, kucha za kipanga na mkia wa samaki.

Kwa nini samaki alishinda? Wapo wanaokitupia lawama Kilatini, ambamo neno la unyoya na neno la pezi yanakaribiana mno. Mimi naona sababu ni nyepesi kuliko hiyo. Wimbo hauchoreki. Mchoraji anayetaka kuonyesha kishawishi hana sauti ya kukupa, ana kifua na nywele tu, na mtawa aliyemwagiza hakutaka kusikia kwamba maarifa yanaweza kumpoteza mtu. Alitaka mwanamke. Ndipo Sireni akapewa kitana na kioo.

Tarehe 9 Januari 1493, Christopher Columbus aliandika kwamba ameona Sireni watatu wakichomoza majini karibu na kisiwa cha Hispaniola, akalalamika kuwa hawakuwa wazuri kama wanavyochorwa. Alikuwa ameona wanyama wa jamii ya nguva.

Karne ya 19 ilimnyima Sireni hata ile sauti. Katika hadithi ya Hans Christian Andersen ya mwaka 1837, binti wa baharini anakatwa ulimi ili apate miguu. Mwaka 1891 John William Waterhouse aliufuata mtungi ule wa London, akachora ndege saba wenye nyuso za wanawake wamekizingira chombo cha Odysseus. Lakini Herbert Draper, mwaka 1909, aliwarudisha kwenye mazoea. Sireni wake wanapanda chomboni wakiwa uchi. Mabaharia wana nta masikioni, na ukiitazama picha ile unajiuliza nta ni ya nini, wakati hatari yote imepitia machoni.

Aliyeirudisha sauti ni fundi. Mwaka 1819 Mfaransa Charles Cagniard de la Tour alitengeneza chombo cha kupimia milio. Hewa hupulizwa kwenye sahani yenye matundu, nayo inazunguka, mlio unatoka. Kwa kuwa kiliweza kulia hata ndani ya maji, alikiita sirène. Ndicho babu wa king'ora cha zimamoto na cha ambulensi. Ila maana imepinduka: Sireni alisema sogea, na king'ora kinasema pisha njia.

Miaka minane kabla yake, Johann Illiger, Mjerumani, alikuwa amewapa wataalamu wa wanyama jina Sirenia kwa kundi lote la nguva na jamaa zake. Sisi hatukuhitaji kusaidiwa: kwa Kiswahili nguva ni yule mnyama mlaji wa nyasi za baharini, na nguva huyohuyo ni mwanamke nusu samaki. Wanyama hao wamebaki wachache mno katika maji ya Kenya na Tanzania, na kundi kubwa la ukanda huu liko Bazaruto, Msumbiji. Nguva mmoja anaweza kufika mita tatu, na matiti yake yako chini ya kwapa. Hana kitana. Lakini wanasayansi waliotumbukiza vinasa sauti majini wamesikia nguva wakiitana, na mlio wao ni mwembamba, mfupi, wa kukatikakatika, kama wa vifaranga vya ndege.