Burudani kwenye simu za kitochi

Burudani kwenye simu za kitochi ni muziki, video, redio na michezo inayopatikana nchini Tanzania kupitia simu za bei nafuu, mara nyingi bila intaneti. Kitochi ni jina la mtaani la simu ndogo ya vitufe. Limetokana na tochi iliyomo katika simu nyingi za aina hiyo, kama vile Nokia 1100 ya mwaka 2003.

Redio na michezo
Vitochi vingi hupokea redio ya FM, na waya wa spika za masikioni hutumika kama antena. Mjini Morogoro husikika vituo kama Abood FM. Mawimbi ya FM huzuiwa na milima, hivyo nyuma ya matuta ya Uluguru, yanayopita mita 2,600, usikivu hubadilika kutoka bonde hadi bonde. Mchezo wa nyoka, ulioingia kwenye simu ya Nokia 6110 mwaka 1997, hauhitaji mtandao wowote.

Memori kadi
Simu yenye nafasi ya memori kadi hupiga nyimbo za MP3 na kuonyesha video za 3GP. Kadi ya GB 4 hubeba takriban nyimbo 1,000 za MB 4 kila moja. Mteja hupeleka kadi kwenye kibanda chenye kompyuta, huchagua nyimbo, hulipa na kuondoka nazo. Anayetoka kijiji cha mbali huweza kufanya hivyo siku ya kwenda sokoni. Kisha marafiki hurushiana nyimbo kwa bluetooth bila gharama. Vibanda hivyo huingiza pia filamu za Kibongo na filamu za kigeni zenye sauti ya mtafsiri wa Kiswahili, kazi iliyompa umaarufu Lufufu.

Hakimiliki
Kunakili kazi kibiashara bila idhini kunakatazwa na Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, inayosimamiwa na COSOTA. Mwaka 2013 serikali ilianzisha stempu za kodi kwa bidhaa za muziki na filamu, lakini faili lililo ndani ya kadi halina kasha la kubandikwa stempu. Hivyo wimbo huweza kufika mahali pasipo na intaneti na kumpatia msanii umaarufu, huku malipo yakibaki kibandani. Miito ya simu ni tofauti: mteja hukatwa salio, na sehemu ya fedha hiyo humfikia mwenye wimbo.