Grogan alitembea kwa miguu ya nani?

Nianze kwa kukiri kosa. Februari mwaka jana mhariri wangu aliniita mezani kwake akaniambia anataka makala ya Siku ya Wapendanao. Kitu chepesi, maneno mia sita, kiwe na mapenzi na kiwe na Nairobi ndani yake. Sikuumiza kichwa. Niliandika habari za Ewart Grogan, yule Mwingereza ambaye inasemekana alitembea kwa miguu kutoka Cape Town mpaka Cairo ili apewe mke. Makala ikatoka na picha kubwa. Dada yangu mdogo akanipigia simu. "Huyo ndiye mwanamume," akasema. Nikajiona mwandishi.

Wiki iliyofuata nilikwenda Kirinyaga Road kumtafutia rafiki yangu kioo cha gari lake. Wasiojua Nairobi, hiyo barabara zamani iliitwa Grogan Road. Jina lilibadilishwa, lakini mpaka leo ukimwambia makanga akushushe Grogan anajua pa kukushusha: kwenye maduka ya vipuri, mafundi na mafuta machafu barabarani. Fundi mmoja mzee alikuwa ameliona gazeti. Aliposikia kazi yangu akaniuliza:

"Ni wewe uliandika hadithi ya huyu mwenye barabara?"

"Ndiyo, mzee."

"Sasa kijana wangu, huyo mtu akitembea, mizigo yake ilibebwa na nani?"

Nikacheka. Hakucheka. Akaendelea kufungua skrubu, kisha akauliza la pili: "Na wale watu watatu wa riksho, mbona hukuwaandika?"

Hapo ndipo nilipoishiwa maneno, kwa sababu habari za hao watu nilikuwa nazijua. Niliziacha mwenyewe, si mhariri aliyezikata. Zilikuwa zinaharibu mapenzi. Leo nalipa deni hilo, na hapa hakuna wa kunihesabia maneno.

Kwanza hadithi yenyewe. Grogan alizaliwa London mwaka 1874, katika familia kubwa na yenye uwezo. Alisoma Cambridge akafukuzwa. Mwaka 1896 alikuwa askari wa kujitolea upande wa watu wa Cecil Rhodes, katika vita vya kuwazima Wandebele walioasi katika nchi ambayo leo ni Zimbabwe. Baadaye akaenda New Zealand na kumpenda msichana aitwaye Gertrude Watt. Baba wa kambo wa msichana, kwa mujibu wa hadithi, aliona kijana huyu hana mbele wala nyuma. Grogan akaahidi kufanya jambo ambalo hakuna aliyewahi kulifanya: kuikata Afrika kutoka kusini hadi kaskazini. Akaanza safari mwaka 1898, akafika Cairo mwanzoni mwa 1900, akachapisha kitabu mwaka huohuo, akaoa mwaka huohuo.

Sasa tuanze kukwaruza rangi. Safari ya 1898 haikuanzia Cape. Ilianzia Beira, pwani ya Msumbiji. Kipande cha kusini Grogan alikihesabu kwa sababu alikuwa amekipita miaka miwili kabla, alipokwenda vitani. Hakutembea njia yote pia. Palipokuwa na mto au ziwa alipanda chombo, na baada ya kukutana na afisa Mwingereza katika vinamasi vya Naili, sehemu iliyobaki hadi Cairo haikuwa tena ya miguu. Hata sababu ya safari inabishaniwa. Wapo wanaoamini ilikuwa mapenzi. Wapo wanaosema mapenzi yalikolezwa baadaye, na kwamba kijana huyu alitaka kuwinda, kupata jina, na kupima njia ya ile reli ya Rhodes ya kutoka Cape hadi Cairo. Rhodes mwenyewe aliandika barua iliyowekwa mwanzoni mwa kitabu. Mimi naona vyote vinaweza kuwa kweli kwa pamoja. Mtu wa miaka ishirini na kitu huwa na sababu nyingi, nami ni shahidi.

Sitaki kumpunja. Kati ya Ziwa Tanganyika na Naili alipita sehemu ambazo zingemuua mtu yeyote. Aliugua homa, alivuka nchi zilizokuwa na vita na njaa, na karibu na mwisho alishambuliwa. Mtu wa kawaida angerudi. Mwenzake, Arthur Sharp, aliondoka njiani.

Lakini swali la mzee wa Grogan liko palepale. Kulikuwa na mahema, vitanda, bunduki, risasi, chakula, pembe za wanyama waliowindwa. Vitu hivi havikutembea vyenyewe. Vilibebwa vichwani na Watonga kutoka Ziwa Nyasa na Wamanyema waliochukuliwa Ujiji. Njia aliyotembea Grogan, wao pia waliitembea, tena na mzigo. Tofauti ni kwamba hakuna aliyewauliza wanampenda nani. Tukisema "mtu wa kwanza kutembea", tunakuwa tumeshaamua miguu ya nani ihesabiwe.

Tuje Nairobi. Grogan alifika Afrika Mashariki mwaka 1904 akifuata biashara ya mbao, na haukupita muda akawa rais wa chama cha walowezi. Machi 1907 wanawake wawili wa Kizungu, mmoja akiwa dada yake, walipanda riksho, yale magari madogo ya kukokotwa na mtu. Wakokotaji walikuwa Wakikuyu watatu. Ilidaiwa kwamba waliwafanyia wanawake hao ufidhuli. Hawakufikishwa mbele ya hakimu. Grogan aliwapeleka mpaka nje ya mahakama ya Nairobi, na mbele ya umati wa walowezi yeye na wenzake wakawachapa viboko. Hakimu alitoka nje akajaribu kuwazuia. Hawakumsikia.

Tafadhali usipite haraka hapo. Kila ninapozungumza habari hizi kuna mtu huniambia tusiwahukumu watu wa kale kwa vipimo vya leo. Mimi nakubali, tutumie vipimo vya 1907. Hakimu wa 1907, Mzungu mwenzake, alimwambia anavunja sheria. Mahakama ya 1907 ilimtia hatiani kwa mkusanyiko usio halali, ikampa kifungo cha mwezi mmoja na faini. Serikali ya Uingereza ya 1907 iliona tukio hilo zito kiasi cha kuchapisha barua zake zote rasmi ili zisomwe London. Kwa hiyo si sisi tuliokuja na kipimo kipya. Kipimo kilikuwepo, na aliyekivunja alikijua. Alichagua mlango wa mahakama kusudi, ili ionekane nani mwenye nchi.

Na kifungo? Alikitumikia katika nyumba juu ya Nairobi Hill, si gerezani, na marafiki wakimtembelea.

Mwaka huohuo wa 1907 Baraza la Kutunga Sheria lilikaa kwa mara ya kwanza. Grogan alikuja kuwa mjumbe wake kwa vipindi tofauti, na alikuwa msemaji hodari, mwenye ulimi wa kukata. Mwafrika wa kwanza kuingia humo, Eliud Mathu, aliteuliwa 1944. Fanya hesabu: miaka thelathini na saba. Muda wote huo mtu aliyevunja sheria hadharani aliweza kutunga sheria, na waliochapwa hawakuweza hata kuchagua wa kuwasemea. Baada ya Hali ya Hatari kutangazwa Oktoba 1952, Grogan, akiwa mzee wa karibu miaka themanini, bado alikuwa barazani akitaka Wakikuyu washikwe kwa mkono wa chuma.

Katikati ya miaka hiyo kulikuwa na Vita vya Kwanza vya Dunia. Grogan alitumikia kama afisa wa upelelezi katika Afrika Mashariki. Upande wa Uingereza katika vita hivyo ulitumia Waafrika wapatao milioni moja kama wapagazi, na makadirio mengi yanasema karibu laki moja walikufa, wengi kwa maradhi na njaa. Kariakor ya Nairobi na Kariakoo ya Dar es Salaam zilipata majina yao kutoka kwa kikosi hicho. Kariakor iko karibu na Grogan, unatembea dakika chache tu. Barabara moja ilichukua jina la mtu mmoja, na mtaa wa jirani ukachukua jina la kikosi, kwa sababu watu wake walikuwa wengi mno na hakuna aliyejishughulisha kuwataja mmojammoja. Nenda Kenyatta Avenue utazame ile sanamu ya 1928. Wamesimama watu watatu wa shaba, mmoja wao mpagazi. Hawana majina.

Grogan alikufa Afrika Kusini mwaka 1967, akiwa na miaka 92. Aliacha mambo mengi. Kule Taveta kasri lake bado liko juu ya kilima, likitazama ardhi aliyoigeuza mashamba ya mkonge, na malalamiko ya ardhi huko hayakwisha na uhuru. Muthaiga iko hospitali ya watoto aliyoianzisha 1947 kumkumbuka Gertrude, aliyefariki 1943. Hospitali hiyo imeponya watoto wengi na sioni haja ya kuibeza. Naamini alimpenda mkewe kweli. Hilo halinisumbui tena. Kinachonisumbua ni kwamba mimi, mjukuu wa watu waliokuwa upande wa pili wa kiboko, nilipopewa nafasi ya kuandika nilichagua mapenzi yake na kuwaacha nje watu wangu, bila kulazimishwa na yeyote.

Mwezi uliopita nilirudi kwa yule mzee. Nikamwambia naandika upya. Akaniuliza kama nitaliandika jina la Grogan. Nikasema ndiyo, siwezi kuikimbia historia.

"Liandike," akasema. "Lakini anza na wale waliobeba."

Nimeshindwa kuanza nao, kama unavyoona. Nimeanza na mhariri wangu, Siku ya Wapendanao na dada yangu. Deni bado halijaisha.