Malezi ya Yatima Katika Uluguru: Kutoka Ukoo Hadi Sheria

Wahenga walisema: "Mali bila daftari huisha bila habari." Ikiwa shilingi na mbuzi huhitaji daftari, sembuse mtoto asiye na mzazi wa kumwulizia? Katika makala hii tutatazama jinsi watoto walioachwa walivyolelewa katika Morogoro na Milima ya Uluguru, na sababu zilizoifanya Serikali iweke sheria ya kuyaandikisha na kuyakagua makao yao.

Waluguru hufuata ukoo wa mama, uitwao lukolo. Kwa desturi, mjomba ndiye mwenye sauti juu ya mtoto, hata kama baba yu hai. Mama alipofariki, mtoto hakubaki bila mwenyewe: bibi, mama wadogo na wajomba walikuwapo, na shamba la ukoo lilikuwapo. Daftari halikuwapo, lakini alikuwapo mtu wa kujibu. Mtoto akikonda, wazee walimwuliza mjomba. Akitoweka, ukoo mzima uliinuka kumtafuta.

Hata hivyo, haifai kuyapamba mambo ya kale. Katika karne ya 19 njia ya misafara kutoka Bagamoyo kwenda Unyamwezi ilipita chini ya milima hiyo, na biashara ya utumwa ilipita pamoja nayo. Hapo ndipo Kisabengo alipojenga mji wenye boma uliojulikana kwa jina la Simbamwene, akiwakusanya watoro na watu walionyakuliwa kwao. Mtoto aliyetekwa alipotea mara mbili: alipotea mwili, kisha jina na ukoo wake. Mjomba angewezaje kumjibia mtoto asiyejua alikopelekwa?

Mwaka 1868 Mapadre wa Roho Mtakatifu walifungua misheni Bagamoyo, wakawapokea watoto waliokombolewa utumwani. Walipokua na kuoana, baadhi yao walipelekwa bara kuanzisha vijiji vya Kikristo, kama vile Mhonda katika milima ya Nguru mwaka 1877. Misheni ya Morogoro ilifuata mwaka 1882. Baadaye, katika karne ya 20, watawa wa Kiafrika wa Mgolole, karibu na mji wa Morogoro, nao walishika kazi ya kulea yatima. Nyumba za namna hiyo ziliokoa maisha ya wengi, na haki yataka tuseme hivyo. Lakini zamani hizo mwenye nyumba ndiye aliyekuwa mlezi, mwandishi wa daftari, na mkaguzi wa daftari lake mwenyewe. Wema wake ulikuwa ndiyo dhamana pekee ya mtoto.

Serikali ya kikoloni ilitunga sheria ya watoto na vijana mwaka 1937, lakini hiyo ilihusu zaidi watoto waliofikishwa mahakamani. Ilikuwa mwaka 1968, mwaka mmoja baada ya Azimio la Arusha, ndipo Tanzania huru ilipotunga sheria mahsusi ya kusimamia makao ya watoto. Tangu hapo kuendesha makao kulihitaji leseni, na milango ilipaswa kufunguliwa kwa mkaguzi. Tusiione leseni kuwa karatasi tu. Maana yake ni kwamba mtu wa nje ana haki ya kuingia na kuuliza: Watoto hawa ni akina nani? Wametoka wapi? Wanalala wapi, wanakula nini? Swali ambalo zamani liliulizwa na wazee wa ukoo sasa liliulizwa na Taifa.

Sheria hiyo ilifutwa na Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009, ambayo ilikusanya mahali pamoja mambo yaliyokuwa yametawanyika katika sheria mbalimbali. Leseni na ukaguzi vilibaki. Aidha, serikali za mitaa zilipewa wajibu wa kuwa na daftari la watoto walio katika mazingira magumu zaidi, na walezi wa makao pamoja na maofisa wa ustawi wa jamii walitakiwa kumsaidia mtoto kurudi kwa wazazi au jamaa zake.

Jambo hilo la mwisho ndilo kiini cha habari yetu. Uchunguzi katika nchi nyingi umeonyesha kwamba wengi wa watoto waishio katika makao wana angalau mzazi mmoja aliye hai. Wengine waliletwa na ufukara, si kwa kukosa watu. Mtoto akiandikwa "yatima" bila kuulizwa ukoo wa mama yake, huenda bibi yake yuko Matombo, au mjomba wake analima Mgeta, na hakuna atakayepanda mlima kuwatafuta. Naye aliyefungua nyumba bila leseni, hata kama ana huruma kubwa, humweka mtoto mahali ambapo hakuna ajuaye kwamba yumo.

Aliyefanya kazi ya ofisi anajua kwamba faili laweza kujaa vumbi, na mkaguzi aweza kutia sahihi bila kuinua macho. Muhuri peke yake haulei mtoto. Lakini mkono mmoja nao haulei mwana. Walimu na wanafunzi mnaosoma habari hii, mkiyaona makao ya watoto katika kata yenu, msiulize tu kama watoto wanashiba. Ulizeni pia kama yameandikishwa, na kama kila mtoto ameandikwa kwa jina lake na la ukoo wake. Daftari lililoandikwa vema halichukui nafasi ya mjomba. Linaonyesha njia ya kumfikia.