Sheria ya Bangi Katika Uruguay

Uruguay ni nchi ndogo ya Amerika ya Kusini, iliyo kati ya majirani wawili wakubwa, Brazili na Ajentina. Watu wake hawafiki milioni 4. Hata hivyo, mwezi wa Desemba 2013 ilithubutu jambo ambalo hapana taifa jingine lililokuwa limelifanya: ilipitisha sheria ya kuruhusu bangi ilimwe, iuzwe na ivutwe, yote chini ya macho ya serikali.

Usidhani, msomaji, kwamba Rais José Mujica aliisifu bangi. La, hakuuona uvutaji wake kuwa jambo jema. Hoja yake ilikuwa kwamba biashara ya magendo ni mbaya zaidi, naye alitaka kuwanyang'anya wafanya magendo soko lao. Wananchi walio wengi walipoulizwa maoni yao, waliikataa sheria hiyo, lakini ilipita.

Njia zilizofunguliwa zilikuwa tatu. Mtu aliweza kupanda miche 6 nyumbani kwake, au kujiunga na chama cha watu 15 hadi 45, au kununua katika duka la dawa, si zaidi ya gramu 40 kwa mwezi. Alipaswa kuchagua njia moja tu, na kuandikishwa.

Basi, hata wale walioifurahia sheria wakaanza kunung'unika. Waliotaka kununua dukani walingoja zaidi ya miaka mitatu. Maduka yalipofunguliwa mwezi wa Julai 2017 yalikuwa 16 tu, na nchi ina mikoa 19. Makampuni yaliyopewa ruhusa ya kulima kwa ajili ya maduka hayo yalikuwa mawili. Watu wakapanga safu barabarani. Mnunuzi akaweka kidole juu ya mashine ili atambuliwe, na mara nyingi waliofika nyuma wakakuta mali imekwisha. Wengine hawakuandikishwa kabisa, maana waliogopa: je, serikali nyingine ikija, itaitumiaje orodha hii?

Wenye maduka nao walipata taabu yao. Mwezi uliofuata, mabenki yaliwaonya kwamba akaunti zao zingefungwa. Kwa nini? Mabenki hayo yalifanya kazi na mabenki ya Marekani, na sheria ya Marekani yote ilikataza fedha zitokanazo na bangi. Baadhi ya maduka yakaiacha biashara hiyo; mengine yakauza kwa fedha taslimu tu.

Miaka iliyofuata maduka yaliongezeka, na walioandikishwa wakafikia makumi ya maelfu. Lakini magendo hayakufa, kwa kuwa mfanya magendo haulizi alama ya kidole, wala hafungi duka.

Fikiri, msomaji. Ukiichukia bangi au ukiitetea, fundisho ni lile lile: kuandika sheria ni kazi ya siku chache; kuitekeleza huhitaji shamba, duka, benki, na imani ya watu.