Żebbuġ ya Gozo: kanisa la wakulima waliokatazwa kulala mashambani

Mwezi Julai 1551, merikebu za Waosmani zikiongozwa na Sinan Pasha na Turgut Reis zilitia nanga Gozo, kisiwa kidogo kaskazini-magharibi mwa Malta. Wananchi walikimbilia ndani ya ngome ya Citadella, katikati ya kisiwa. Kuta zake zilikuwa za kizamani, hazikujengwa kuhimili mizinga, na haikuchukua siku nyingi ngome ikasalimu amri. Watu wapatao 5,000, karibu wakazi wote, wakapelekwa utumwani Tripoli. Masimulizi ya kisiwani humtaja Bernardo de Opuo, askari kutoka Sisilia, aliyewaua mkewe na binti zake kwa mkono wake ili wasitekwe, kisha akapigana mpaka akauawa. Ndani ya Citadella upo mtaa wenye jina lake.

Historia hiyo isisomwe kwa jicho moja. Shirika la Mtakatifu Yohane lililotawala Malta nalo lilivizia merikebu za Waislamu, likawauza mateka na kuwatumikisha Valletta. Utumwa huo ulikoma mwaka 1798, Napoleon alipoiteka Malta.

Gozo ilijaa watu tena polepole, kwa waliotoka Malta na Sisilia na wachache waliokombolewa. Lakini hofu ilibaki, na sheria ikawalazimu wote kulala ndani ya Citadella. Mkulima aliyekuwa na shamba kwenye kilima cha Żebbuġ alitembea kilomita kadhaa kwenda kulima, na jua likikaribia kuzama akafunga safari ya kurudi ngomeni. Mazao aliyaacha huko huko, na aliyeyakuta usiku alijitwalia. Amri hiyo iliondolewa mwaka 1637, na hapo ndipo vijiji vya Gozo vilipoanza kukua kwa kweli.

Żebbuġ iko juu, upande wa kaskazini. Ukisimama huko unaiona pwani ya Marsalforn na Xwejni chini yako, na chombo chochote kinachokuja kutoka upande wa Sisilia. Kwa watu wenye kumbukumbu ya 1551, mahali pa namna hiyo palikuwa na thamani kuliko shamba lenye rutuba bondeni.

Kilichokosekana ni parokia. Ubatizo, ndoa na maziko vilikuwa shughuli za makanisa ya mjini Rabat, mji ambao tangu 1887 unaitwa pia Victoria. Xewkija ilikuwa ya kwanza kupewa parokia yake, mwaka 1678. Kisha mwaka 1688 Askofu Davide Cocco Palmieri akaanzisha nyingine kadhaa, Żebbuġ ikiwamo. Ujenzi wa kanisa ulianza karibu mwaka 1690, na kazi ya kulipanua na kulipamba ikaendelea ndani ya karne ya 18. Somo wa parokia ni Bikira Maria Kupalizwa Mbinguni.

Kwa nje ni kanisa la mawe ya chokaa ya manjano, jiwe laini la Malta linalokatwa kwa msumeno na kugeuka rangi ya dhahabu jua la jioni linapolipiga. Makanisa ya namna hiyo ni mengi visiwani humo. Utajiri wa Żebbuġ uko ndani: altare kuu na mahali pa ubatizo vimepambwa kwa oniksi, jiwe lenye mishipa ya kahawia na asali, lililochimbwa kijijini hapo hapo. Parokia nyingine ziliagiza marumaru kutoka Italia. Wakulima hawa waliyapata mapambo yao chini ya majembe yao. Kwa maoni yangu, hakuna kanisa Gozo lililo mali ya ardhi yake kama hili. Na wanaosali humo husali kwa Kimalta, lugha yenye asili ya Kiarabu, wakimwita Mungu Alla.

Kijiji kiliishi kwa kilimo, kwa lesi zilizofumwa na wanawake, na kwa chumvi inayovunwa hadi leo katika mabwawa yaliyochongwa kwenye miamba ya Xwejni.

Kupalizwa Mbinguni kuna uzito wa pekee Malta nzima. Katika Vita vya Pili vya Dunia, tarehe 15 Agosti 1942, siku ya sikukuu yenyewe, meli ya mafuta Ohio iliyokuwa imelipuliwa vibaya iliingia bandarini Valletta ikikokotwa, wakati njaa na mabomu vikikaribia kuivunja Malta. Msafara wa meli ambao Ohio ilikuwamo bado unaitwa wa Santa Marija, kwa jina la sikukuu hiyo.

Ukitaka kwenda, feri ya kutoka Ċirkewwa hadi Mġarr huchukua dakika 25 hivi. Funika mabega kabla ya kuingia kanisani. Na usiulizie Żebbuġ kabla hujavuka: Malta kubwa ina Żebbuġ yake, na huko ndiko utakakopelekwa.